Macho ya mama na ile 144

Jamani, leo nimeitikia amina ya uongo mbele ya jumuiya nzima.

Mama yuko kwangu hapa Mbeya, katokea Mgololo. Anapenda nyimbo za sinema za Kihindi za zamani. Mimi, ili kubana bando, namwekea video kwenye simu yangu kwa ubora wa chini kabisa, 144. Ukungu mtupu!

Juzi akafuta miwani, akaniuliza, "Mwanangu, wewe unaona vizuri?"
"Naona, mama."

Kumbe alienda kuomba jumuiya ya kanisani wamwombee macho.

Leo wamekuja, wamesali. Wakati wa chai, mama akiangalia nyimbo zake, dada yangu akachukua simu yangu, akapandisha ubora wa video hadi 720.

Mama akaruka: "Naona mpaka hereni za mwimbaji! Bwana kanifungua macho!"

Vigelegele.

Dada akanitazama. Nikasema amina kuwazidi wote.

Sasa Jumapili mama anataka nimsindikize mbele ya kanisa kutoa shukrani. Naanzia wapi?