Fransisko Alizimia Akiwa Amekaa

Katika kigango chetu, milimani juu ya Mlali, Fransisko anajulikana kwa mambo mawili: sauti ya besi na kuzimia. Besi huimba kila Jumapili. Kuzimia ni mara moja kwa mwaka, kwa kawaida Ijumaa Kuu, wakati wa kusomwa Mateso, watu wamesimama mpaka magoti yanauma na tumboni hamna kitu. Huu ni mwaka wa ishirini.

Kwaya ina utaratibu wake. Kwanza Fransisko hupiga miayo. Kisha jasho jembamba humtoka, midomo hupauka, naye hunong'ona kwamba masikio yanavuma. Hapo tunamlaza chali na kuinua miguu yake juu ya benchi. Mguu wa kushoto ni wangu, wa kulia ni wa Benedikto. Mwimbo hausimami. Mwalimu wa kwaya ndiye aliyeweka sheria hiyo, na kwa upande wa mwimbo ni sheria nzuri. Kabla ya kiitikio kinachofuata Fransisko huwa ameshafumbua macho na anaomba maji.

Mganga wa zahanati alitueleza zamani kwamba mtu akisimama sana, akiwa na njaa, joto au kiu, damu hubaki miguuni na kichwa kikakosa. Mlazeni, msimkalishe, akasema. Tukalishika neno hilo, na tangu siku hiyo hatukuuliza tena chochote.

Jumanne moja tulikuwa kwenye mazoezi, tukipitia mwimbo wa kumpokea Askofu, aliyekuwa anakuja Jumapili kutoa kipaimara. Ndani ya mwimbo huo sauti zote hunyamaza na besi ya Fransisko hubaki peke yake. Fransisko alikuwa akiisubiri sehemu hiyo tangu Kwaresima. Sote tulikuwa tumekaa. Yeye alikuwa ameshiba ugali na maharage, alituambia mwenyewe.

Katikati ya ubeti wa kwanza akaanguka mbele, bila miayo, bila jasho, bila neno. Paji la uso likagonga benchi. Tukamlaza, mimi nikashika mguu wangu, Benedikto akashika wake, na tukaendelea kuimba. Nalisema jambo hili wazi kwa sababu linanitia aibu mpaka leo. Tena siku hiyo tuliimba vizuri.

Alipoamka alisema moyo ulimwenda mbio kidogo, basi. Mwalimu akasema, "Kama kawaida yake." Wa kwanza kukubali nilikuwa mimi.

Mkewe ni Cecilia, ambaye tunamwita Mama Abel. Ana jina la mtakatifu somo wa waimbaji na haimbi hata kidogo. Alipoona plasta pajini mwa mumewe alikuja kwangu moja kwa moja, akanikuta nafunga karoti za sokoni.

"Shemeji, alikuwa amesimama?"

"Alikuwa amekaa."

"Alikuwa na njaa?"

"Alishiba."

"Alipiga miayo?"

Nikafikiri. "Hapana."

"Sasa miguu mlikuwa mnainulia nini?"

Niliendelea kufunga karoti.

Fransisko alikataa kwenda hospitali. Alisema amezimia miaka ishirini, kazi hiyo anaijua, na atakwenda Jumatatu, Askofu akishaondoka. Mama Abel akamwambia shamba lao liko mteremkoni na yeye hubeba kabichi kichwani, kwa hiyo achague aangukie wapi. Asubuhi iliyofuata Benedikto akaja na pikipiki yake kuwapeleka hospitali mjini.

"Akizimia nyuma yako," Mama Abel akamwuliza, "utamshika mguu upi?"

Tukapanda gari. Nami nilichukuliwa kwa sababu nilikuwa shahidi.

Huko mjini daktari alikuwa binti wa umri wa mwanangu, akatupa shikamoo sote watatu. Alimbandika Fransisko nyaya kifuani, mashine ikatoa karatasi ya mistari, akaitazama kwa muda mrefu.

"Baba, kuzimia kwako kwa kanisani ni kule kwa kusimama na njaa. Huku kwa juzi ni kwingine. Moyo wako unachelewa kupiga. Mtu akizimia amekaa, au yuko kwenye kazi nzito, au bila dalili yoyote, au kifua kinauma, au moyo umemwenda mbio, haji hapa kesho. Anakuja siku hiyohiyo. Nakuandikia rufaa, uende Dar leo."

"Nitakwenda Jumatatu," Fransisko akasema. "Askofu anakuja."

Mama Abel alitazama sakafu.

Daktari hakubishana. Alikuwa anajaza fomu. "Alipoteza fahamu kwa muda gani?"

"Hatukutazama saa," nikasema. "Tulikuwa tunaimba."

Akaweka kalamu chini. "Mwimbo ulikuwa umefika wapi alipoanguka? Na ulifika wapi alipoamka?"

"Katikati ya ubeti wa kwanza. Akaamka mwishoni mwa ubeti wa pili."

"Naomba uimbe."

Nikaimba, daktari akiitazama saa yake. Nilipofika pale besi inapobaki peke yake nikanyamaza, kwa maana siku ile nasi tulinyamaza, tukahesabu mapigo bila besi, kisha tukaingia. Nikahesabu mapigo kwa kidole. Kisha nikaingia, nikaimba mpaka mwisho wa ubeti wa pili.

"Dakika moja na sekunde kumi," daktari akasema, akaandika.

Fransisko alikuwa ananitazama mimi.

"Muda wote huo?"

"Wote."

"Na mlikuwa mnaimba?"

"Tulikuwa tunaimba."

Akamgeukia daktari.

"Gari la Dar linaondoka saa ngapi?"