Mahali pa Majembe

Iko siku moja, mwanangu, siwezi kuisahau. Nilikuwa kijana, mpiga kinanda wa kwaya hapa Somanda, na nilijiona fundi kweli kweli. Wanasema asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu. Mimi nilifunzwa na bibi yangu, tena mbele ya mgeni.

Mgeni mwenyewe alikuwa Mjapani, mtunzi wa muziki wa filamu. Tulimwita Mzee Noboru. Alikuja kutafuta sauti za filamu ya mama aliyebaki peke yake kwenye shamba la pamba. Alituambia, kwa Kiswahili chake cha kuokoteza, kwamba ujanani alijaza filamu matarumbeta mpaka waigizaji wakawa hawasikiki. Uzeeni alibakiza sauti chache tu: filimbi, kinanda kidogo, maji yanayodondoka. Nilimwonea huruma, nikidhani ameishiwa.

Nikampeleka kijijini Zagayu kwa bibi, aimbiwe wimbo wa kulimia, na kinanda changu nikakibeba. Bibi aliimba mstari, akanyamaza. Akaimba mwingine, akanyamaza. Nikadhani uzee umemkata pumzi. Nilimpenda, mwanangu, sikutaka watu wa mbali wamwone amechoka. Basi kila aliponyamaza nikapiga kinanda, tena kwa mbwembwe.

Bibi akaacha kuimba kabisa.

Mzee Noboru akamuuliza taratibu, "Mama, ukinyamaza, unamsubiri nani?"

"Wenzangu," bibi akasema. "Tulilima kwa mstari mmoja. Nikinyamaza mimi, majembe yao yanashuka pamoja." Kisha akanigeukia. "Wamekufa wote, mwizukulu, mjukuu wangu. Nimebaki na mahali pao tu. Usipakalie."

Nikazima kinanda. Akaimba upya, na Mzee Noboru akamrekodi, akisikiliza ameinamisha kichwa, machozi yakimtoka bila haya. Katika filamu yake hakuongeza kitu juu ya sauti ile.

Bibi hakuiona filamu hiyo; tulimzika kabla ya mavuno ya pamba. Siku tuliyoitazama, mama yangu alikaa kando yangu. Sauti ya bibi iliponyamaza, mama akapiga mguu chini, kwa nguvu, mahali pa jembe. Nililia kama mtoto.

Kwa hiyo, mwanangu, wewe unayetengeneza muziki kwenye simu, ukikuta kimya cha mtu, uliza kwanza ni cha nani. Haraka haraka haina baraka, na hata upendo ukiwa na haraka huumiza. Mungu akupe masikio kabla ya mikono, na siku utakayonyamaza wewe, awepo wa kukuitikia.