Mizani Isiyongoja Magharibi

Juzi nilikuwa kwenye foleni buchani, nasubiri kilo yangu ya nyama, nikamsikia mtu mzima mwenye kofia yake ya viua akimwambia muuzaji kwamba yule kocha Mturuki aliwatupa watoto wetu. Aliwafunza judo miaka na miaka, akasema, kisha siku walipomhitaji hasa akanuna, akaenda zake kwao. Muuzaji akatikisa kichwa na kuendelea kukata mifupa. Mimi damu ilinichemka.

"Shikamoo, mzee wangu," nikamwambia. "Siku hiyo ulikuwepo?"

"Marahaba. Sikuwepo, lakini jambo lenyewe lajulikana."

"Lajulikana na nani? Mimi nilikuwepo. Aliyepimwa ni mimi."

Akanitazama kutoka juu hadi chini, na kunitazama mimi huchukua muda, maana Mungu hakunibania. Kisha akageuka kuuliza bei ya maini. Hakutaka kujua. Watu wa mji huu wakishapata hadithi inayowatosha, ukiwaletea nyingine wanakuona mgomvi. Basi naiandika, kwa sababu kuisema kumenichosha.

Nimezaliwa Malindi, na tangu utotoni nilikuwa mkubwa. Sisemi mnene wa kulegea. Mkubwa: mabega, mikono, nyayo. Shangazi zangu walikuwa wakija nyumbani wanauliza mbele yangu, kana kwamba mimi kabati, "Na huyu ataolewa na nani?" Shuleni nilikaa nyuma ili wengine waone ubao. Sare yangu ilikula vitambaa viwili, na fundi hakuacha kulitaja hilo kila muhula. Nilijifunza kutembea nimeinama, kama mtu anayepita mlango mfupi.

Siku ya kwanza nilipoingia ukumbini kwa yule Mturuki, nilikuwa na miaka kumi na minne na nilikuja kumsindikiza rafiki yangu tu. Aliponiona aliacha alichokuwa akifanya, akasema, "Mashallah!" na akacheka kwa furaha. Hakunicheka. Alifurahi. Ilikuwa mara ya kwanza mtu kuutazama uzito wangu akafurahi, na nilitaka kulia pale pale mlangoni.

Mwenyewe alikuwa jitu la mtu. Huko kwao ujana wake wote aliumalizia kwenye judo ya uzito wa juu, akavaa nishani, akaitwa kwenye timu ya nchi, mpaka goti moja likakataa kazi. Akawa kocha wa wale wazito wenzake. Baadaye akagombana na wakubwa wa mchezo, hakupenda kueleza kwa nini, akatafuta kazi ya mikono. Ndiyo iliyomleta Malindi: alikuja kufunga tanuri za kiwanda cha mikate. Tanuri zikafungwa, mikate ikaanza kutoka, yeye akabaki kuziangalia, na jioni akafungua darasa lake katika ukumbi nyuma ya shule.

Haya yote alitusimulia vipande vipande, akituzungushia plasta vidoleni. Katika judo vidole ndivyo hufa kwanza, kwa ajili ya kukamata koti la mwenzako na kutoliachia. Kiswahili alijifunza kwa waoka mikate, kwa hiyo mafunzo yake yote yalinukia hamira. Hakusema "mvute". Alisema, "Mkande! Mkande kwanza, ndiyo umtupe!" Mwanafunzi asiyekuwa tayari kwa mashindano alimwambia bado hajaumuka. Tulimcheka sana, lakini tulikanda.

Mikeka ya kuangukia hatukuwa nayo. Alinunua sponji za magodoro, akaenda mwenyewe mpaka Mariakani kwa wanaouza vifaa vya malori, akarudi na turubai kubwa, akalishona juu ya sponji. Tulioanguka juu ya turubai lile ni wengi: watoto wa Kisumu Ndogo ambao wazazi wao wametoka bara kutafuta kazi, watoto wa wakulima wa Ganda waliokuja kwa miguu, na sisi wa mji wa kale. Mwezi wa Ramadhani wenzetu Wakristo walikuwa wakienda kunywa maji yao nyuma ya ukumbi. Hakuna aliyewaambia wafanye hivyo. Naomba msomaji alikumbuke hilo, kwa sababu watu wazima waliokuja kutupima hawakuwa na adabu ile.

Sasa nieleze jambo moja, bila hilo huwezi kuelewa hasira yangu. Katika judo watu hupangwa kwa uzito, na wengine wote huogopa kuzidi. Wanakimbia juani wamevaa majaketi, wanatema mate, wanalala na njaa. Sisi wa uzito wa juu mambo yetu ni kinyume: kwa juu hatuna kikomo, kikomo chetu kiko chini. Msichana lazima azidi kilo sabini na nane. Akipungua hata kidogo, si wa kwetu tena. Na mimi, kwa mazoezi ya Mturuki, nilikuwa nimekauka nikawa juu kidogo tu ya mstari huo. Kushuka daraja la chini hakukuwezekana, kwani lile tayari lilikuwa na mwenyewe, msichana hodari wa Mtwapa.

Mwaka huo nilikuwa na miaka ishirini. Timu ya vijana ya pwani ilikuwa ikichaguliwa kwenda kwenye mashindano ya taifa, na huko ndiko walikochaguliwa wa kwenda nje ya nchi. Mwaka uliofuata umri ungenipita. Nilikuwa nauza vitambaa dukani kwa mtu, na sikuwa na mlango mwingine wa kutokea. Wa uzito wangu pwani nzima hakuwepo mwingine. Nilichotakiwa kufanya ni kupanda mizani tu, nizidi mstari, basi, nafasi yangu.

Tukaambiwa maafisa wa judo kutoka bara watakuja Malindi kutupima, siku moja ya Ramadhani, saa tatu asubuhi. Mturuki akaridhika. "Asubuhi vizuri," akasema. "Kula daku kama watu wawili." Mama alinipikia mahamri, mbaazi za nazi, uji wa mtama, na akanikalia mbele mpaka nimalize. Nilikula mpaka nikaona haya. Kulipokucha nilipita kwa msaga unga, nikapanda mizani yake ya magunia. Nilizidi. Nilikwenda ukumbini nikiwa nimenyooka mgongo.

Saa tatu ikafika, hakuna mtu. Tukapigiwa simu kwamba wako njiani. Saa nne, njiani. Adhuhuri ikaadhiniwa, tukaswali, tukarudi kukaa chini ya mabati yale, na joto la mwezi wa tatu la Malindi mwenye kulijua analijua. Jasho lilinitoka nikiwa nimekaa tu. Mturuki alinihamisha kila kivuli kilipohama. Alasiri nayo ikapita. Ndipo gari likaingia.

Wakashuka wakichokonoa meno. Wallahi, kwa vijiti, mbele ya watu waliofunga. Afisa wao mkubwa alikuwa na chupa ya soda mkononi, nusu imenywewa. "Poleni," akasema. "Tulisimama Mariakani tukakula kidogo."

Mama mmoja aliyekuja nao alitupima wasichana nyuma ya pazia. Alikuwa mtu mpole, na aliposoma mizani yangu alisita, akaniambia nishuke nipande tena. Nikapanda tena. Nilipungua. Unajua kwa kiasi gani? Bilauri moja ya maji, hiyo tu. Nilikuwa nimeitoa kwa jasho nikiwangoja wao.

Afisa alipoambiwa akacheka. "Si anywe maji tupime tena? Ni maji tu, madam."

"Nimefunga," nikamwambia.

"Kwani Mungu hajui uko kwa mashindano?"

"Anajua. Ndiyo maana sinywi."

Mturuki akasogea. Sauti yake ilikuwa ya chini, ya kubembeleza, na mimi sikuwahi kumsikia akimbembeleza mtu. "Bwana, Magharibi iko karibu. Akinywa, anapita. Sisi tumewangoja tangu asubuhi. Nyinyi mngoje kidogo."

"Kocha, kupima kunafungwa saa kumi na mbili. Sheria ni sheria."

Sheria! Saa tatu asubuhi sheria hiyo ilikuwa wapi? Ilikuwa Mariakani, inatafuna mbuzi. Hadi leo nikilisikia neno hilo kutoka mdomoni mwa mtu aliyechelewa, napandwa na mori.

Nikamgeukia mwalimu wangu. Nilitaka aniamrishe. Angesema kunywa, ningekunywa, na dhambi ingekuwa yake. Angesema usinywe, nisingekunywa, na hasara ingekuwa yake. Yeye akaketi kwenye ukingo wa turubai, goti lake bovu amelinyoosha, akaniambia jambo ambalo hakuwa ametuambia kabla. Alipokuwa kijana uzito wake ulikuwa pale pale mpakani kama wangu, na kupimwa kukaangukia Ramadhani. Kocha wake alimtia chupa ya maji mkononi, akasema kunywa. Akanywa. Akashinda, akavishwa nishani. Alipofika nyumbani baba yake aliipokea kwa mikono miwili, akaisifu, akaiweka. Hakuulizia tena habari za nishani ile mpaka anakufa.

"Sisemi nilikosea," akasema. "Nasema kocha wangu hakuniacha nichague. Binti, mimi sitakuambia kunywa. Na sitakuambia usinywe."

Nilimkasirikia. Nilimwona mwoga. Mtu mzima, mkubwa hivyo, ananiachia mzigo huo mimi, na nje jua linashuka! Leo mimi ndiye kocha wa ukumbi ule, yeye amerudi kwao na goti lake, na nina wasichana wangu wanaonitazama kwa macho yale yale niliyomtazama nayo. Sasa najua kule kutoniamrisha kulimgharimu yeye kuliko kiu ilivyonigharimu mimi.

Sikunywa. Wala nisijifanye walii. Laiti yule afisa angekuja asubuhi, au angechelewa akaomba radhi kama mtu aliyelelewa, sijui ningefanyaje. Lakini kunywa maji kwa sababu yeye aliona njaa akasimama kula, na njaa yangu mimi haikuhesabiwa? Hapana. Saa kumi na mbili ikagonga, afisa akafunika kalamu yake.

Kisha hawakuondoka. Hapo ndipo ninapotaka kupiga kelele kila nikikumbuka. Dereva wao alikuwa ameenda kutafuta mtu wa kuziba gurudumu, na wao wakakaa kwenye viti vyetu, wakipiga soga, mizani bado iko sakafuni. Magharibi ikaadhiniwa tuko pamoja nao. Msichana wa Kisumu Ndogo, Mkristo, ndiye aliyenikimbilia na jagi la maji. Nikala tende, nikanywa, nikanywa tena, nikapanda mizani. Yule mama mpole akainama akasoma kwa sauti ili kila mtu asikie. Nimezidi. Ukumbi mzima ukapiga makofi.

"Nimeshafunga," afisa akasema. Hakuinua hata macho.

Ningemezea kama nafasi yangu ingechukuliwa na mwingine. Michezo ni hivyo, mmoja huenda, mmoja hubaki. Lakini hakuwepo wa kuichukua. Kiti changu kingeenda kitupu mpaka kwenye mashindano na kurudi kitupu. Afisa akajaza karatasi yake, akampa Mturuki atie sahihi kama kocha wa hapa, maana ilikuwa imeshakubaliwa kwamba yeye ndiye atakayeipeleka timu. Wanafunzi wake watatu walikuwa wamepita, watoto aliowafunza tangu hawajui kufunga mshipi.

Kusoma Kiswahili kulimpa taabu, kwa hiyo alinipa mimi nimsomee. Nikasoma majina ya wenzangu, moja moja. Nikafika kwenye wasichana wa uzito wa juu. Palikuwa pameandikwa: hakuna.

"Hakuna nini?" akauliza.

"Hakuna mtu."

Akanitazama, nimesimama mbele yake nina jagi mkononi. Akamrudishia afisa kalamu. "Huu uongo," akasema. "Yupo. Huyu hapa. Andika amepungua, andika amechelewa, andika unavyotaka. Ukiandika hakuna, sitii sahihi."

"Usipotia, huendi na timu."

"Najua."

Wale watatu walikuwa wakisikiliza. Mmoja alianza kulia. Mturuki alimshika kichwa, akamwambia maneno ambayo sikuyasikia, kisha akaenda uani kutawadha, akiburuta goti. Hakurudi kwenye meza ile. Huko ndiko kuwatupa watoto wetu kunakosimuliwa buchani.

Wao wakatafuta mtu mwingine wa kutia sahihi kama kocha, yeyote, hata asiyewahi kukanyaga turubai letu. Walimpata kabla ya Isha.