Kanda ya Pili

Panga lile lilitoka wapi? Niliulizwa polisi, nikaulizwa hospitali, na mara zote nilisema sijui. Mimi si mtu wa kuamini mambo ya giza. Chuo kikuu nilibishana hata na mapadri. Lakini haya niliyaona kwa macho yangu, mchana kweupe, mtaani Mirongo, miaka ile mabanda ya video yalipoanza kuchipuka kila mtaa. Kubisha utabisha, ila nisikilize kwanza.

Kaka Beda, mwongozaji filamu niliyekuwa namsaidia, alichoshwa na watazamaji wa kukodoa macho tu. Alitaka hadithi waiendeshe wenyewe. Akatunga filamu ya bibi wa kijijini, macho mekundu kwa moshi wa jikoni, anayeshtakiwa uchawi baada ya mtoto wa jirani kufa. Hapo picha inasimama. Watu wanaamua: aachwe au auawe? Deki mbili, kanda mbili. Kazi yangu kubonyeza ile waliyoichagua. Alikuwa ameshaipiga picha kabla sijajiunga naye, na miisho alinificha. "Utaiona pamoja na watu," alisema.

Siku ya kwanza banda lilijaa. Picha iliposimama, walilipuka kama wako uwanja wa mpira.

"Auawe!"

"Mmalizeni, macho yake hamyaoni?"

Benchi la mbele akainuka bibi mmoja mwenye kitenge cha kijani. Sikuwa nimemwona akiingia. "Mimi nasema aachwe," alisema, wala hakupaza sauti.

"Mayu, mama yetu, kaa chini!" kijana mmoja akamdhihaki. "Au unamtetea mwenzako?"

Banda zima likaangua kicheko. Beda naye akatabasamu, akaniambia, "Umewasikia. Weka ya pili."

Nikabonyeza. Niamini, nilikuwa karibu na televisheni kiasi cha kuigusa. Wanaume walimburuta mwanamke nje ya nyumba, na alipogeuka hakuwa mwigizaji wetu aliyecheza bibi. Alikuwa yule bibi wa benchi la mbele, kitenge kilekile. Panga la kwanza lilimpata shingoni.

Unadhani waliogopa? Walishangilia. Kisha mtu akapiga yowe, "Si ndiye huyu hapa!" Wakamvamia kwa mateke na kwa mbao za mabenchi. Deki zikakanyagwakanyagwa. Beda akawapenya, akajilaza juu ya bibi. "Jamani, ni filamu! Ni filamu tu!" Nikasikia mlio ule wa buchani, mfupa unapokatwa. Nikakimbia kufungua mlango.

Mwanga ulipoingia, bibi hakuwepo. Alikuwepo Beda, damu imetapakaa, mkono wa kulia umekatika kwenye kiwiko, mkato mmoja safi. Daktari alisema ni panga. Polisi walipekua banda na watu wote. Hawakupata hata kisu.

Beda hakushika kamera tena. Mimi, nikisikia umati ukishangilia kitu chochote, nageuza njia. Kwa hiyo nakusihi: ukiulizwa nani afe, hata kwa mchezo, usijibu harakaharaka. Huwezi kujua ni nani anayekusikia.

Miaka mingi baadaye, nikiwa mjini Sengerema, nilikutana na yule mwigizaji wetu. Nikamuuliza ilikuwaje kuigiza kifo kile. Akanishangaa.

"Kifo gani, mdogo wangu? Beda alitaka wapige kelele niuawe, halafu waone nimeachwa, wajionee aibu. Hakuna siku tuliyopiga picha ya kuuawa. Kwenye kanda zote mbili naachwa."