Kijiji Kilichovuka Theluji kwa Pepeta

Harufu ya pepeta hufika kabla ya pepeta yenyewe. Kwanza inanukia majani yaliyolowa, halafu maziwa ya moto, halafu kitu kama karanga zinazokaribia kuungua, na hapo ndipo unaposikia mchi ukianza kugonga kinu. Kwa msomaji ambaye hajawahi kuionja, niieleze kidogo. Ni mpunga uliokatwa kabla haujakomaa, punje zikiwa bado na ukijani na laini kiasi cha kubonyea chini ya ukucha. Hukaangwa kwenye chungu kikavu, hutwangwa ungali moto mpaka punje zilale bapa, kisha hupepetwa kwenye ungo, na kinachobaki unaweza kukitafuna hivyo hivyo kutoka kiganjani. Nyumbani kwetu Ifakara pepeta haikuwa kitafunwa cha kupitisha muda. Ilikuwa chakula cha wiki zile ngumu za masika, mpunga wa mwaka jana ukiwa umekwisha na wa mwaka huu ukiwa bado umesimama kwenye maji. Kila ninapoisikia harufu hiyo nakumbuka vitu viwili kwa pamoja, mikono ya mama yangu na theluji. Theluji sijawahi kuiona kwa macho yangu mpaka leo, lakini nilishawahi kuishinda.

Nilikuwa na miaka kumi na miwili, darasa la sita. Tulikaa Kibaoni, hapo hapo Ifakara, mama, mdogo wangu Deo na mimi. Baba alikuwa akifanya kazi kwenye mashamba ya miwa upande wa Kidatu na alirudi mara moja kwa mwezi. Likizo fupi ya Pasaka ilitukuta mvua haikatiki, Mto Lumemo umejaa hadi kingo, na gunia letu la mwisho limelegea kwenye kona ya chumba kama mtu aliyesinzia. Mama alidamka kila siku kwenda shambani kufukuza ndege, na sisi alituachia uji. Katikati ya hali hiyo akaja Fidelis, mtoto wa mama mkubwa, aliyekuwa akisoma chuo Morogoro. Alishuka kwenye basi na begi moja, ndani yake mna nguo chache na kompyuta ndogo ya kupakata aliyoifunga kwa taulo kama mtoto mchanga. "Shikamoo, mama mdogo," alisema, na kabla mama hajamaliza kuitikia marahaba, Fidelis alishauliza tundu la umeme liko wapi.

Ndani ya kompyuta ile mlikuwa na mchezo ambao hauna vita wala mpira. Unapewa bonde, msitu na mto, na familia chache zisizo na kitu, kisha unaambiwa uwajengee kijiji. Huwaongozi mmoja mmoja. Unapanga tu: hapa nyumba, hapa shamba, huyu avue samaki, yule akate kuni, na wao wanahangaika wenyewe. Kwenye kona ya kioo kuna namba moja inayohesabu chakula kilichomo ghalani, na mchezo mzima uko kwenye namba hiyo. Ikifika sifuri, juu ya kichwa cha kila mtu hutokea picha ya bakuli tupu, na baada ya muda mfupi wanaanza kuanguka. Unaweza kuwapa majina upendayo. Mimi niliwapa majina ya kwetu. Mvuvi nilimwita Deo kwa sababu Deo alipenda kambale kuliko mimi, mkata kuni akawa baba, na mkulima wa kwanza, mwanamke mwenye kitambaa chekundu kichwani, akawa mama.

Mama mwenyewe alikuja kutazama siku ya pili, akiwa bado na matope kwenye visigino.

"Huyu ndiye nani?"

"Ni wewe, mama."

"Mimi mnene hivi?" Akainama karibu na kioo. "Haya. Wamekula?"

Fidelis alicheka sana. "Mama mdogo, hawa ni picha tu."

"Nimeona ni picha. Nauliza wamekula?"

Hawakuwa wamekula. Kijiji changu cha kwanza kilikufa siku hiyo hiyo kwa sababu nilijenga nyumba nzuri nyingi na nikasahau shamba. Cha pili kilikufa kwa kosa ambalo, nadhani, lingeweza kufanywa na mtoto wa Bonde la Kilombero tu. Nilikuwa na mashamba matatu ya ngano, ambayo moyoni niliyaita ya mpunga, na yalikuwa yanapendeza. Namba iliyoandikwa juu yake ilionyesha yameiva kiasi gani, nami nilisubiri ifike mia. Ndipo vikaanza kudondoka vitone vyeupe kutoka juu, polepole, mpaka ardhi yote ikawa kama imemwagiwa unga. Fidelis akaniambia hiyo ni theluji, yaani maji yaliyoganda. Mimi nikafurahi. Kwetu maji yakishuka ndipo mpunga unapokua, bonde zima linageuka ziwa na mashina yanachomoza juu yake yakiwa na afya. Nikakaa nikisubiri shamba langu linenepe. Badala yake ngano ikageuka kahawia, wakulima wakaweka majembe chini wakaenda kukaa majumbani, na bakuli tupu zikaanza kuchipuka juu ya vichwa moja baada ya nyingine. Mtu wa kwanza kuanguka alikuwa mwanamke wa kitambaa chekundu.

"Mwenyekiti," Fidelis aliniambia, kwani ndivyo alivyokuwa akiniita, "kijiji chako kina makaburi mengi kuliko nyumba."

Nililia, sioni haya kulisema. Nilikuwa najua vizuri kwamba ni picha. Lakini mama halisi alikuwa bado hajarudi kutoka shambani jioni ile, na gunia kwenye kona lilikuwa limelegea zaidi. Fidelis aliponiona akaacha utani, ila hakuacha ukweli. Kompyuta yake ilikuwa imejaa, na alihitaji nafasi ya kazi za chuo. Tukakubaliana hivi: kabla hajaondoka Jumatatu, nikifanikiwa kuvusha kijiji kimoja majira ya baridi bila mtu hata mmoja kufa, atakihifadhi na hatakifuta kamwe. Nikishindwa, atafuta mchezo wote, na watu wangu wote pamoja nao.

Vijiji viwili vingine vilinifia kati ya Alhamisi na Jumamosi, na kila kimoja kilinifundisha kitu. Nilijifunza kujenga nyumba jirani na mashamba, kama sisi tunavyohamia kwenye vibanda vya shambani wakati wa kazi, ili watu wasimalize siku njiani. Nilijifunza kuweka wavuvi wawili badala ya mmoja. Lakini kila mwaka ulipoelekea baridi nilikwama mahali palepale. Mashamba yote matatu yaliiva kwa wakati mmoja, wavunaji wangu walikuwa wachache, na theluji iliwakuta wakiwa wamemaliza shamba moja tu. Nilipojaribu kuongeza watu, vinywa navyo viliongezeka. Sikuona mlango wa kutokea.

Jumapili tuliporudi kutoka kanisani umeme ulikuwa umekatika. Kijiji changu cha tano kilikuwa na watu thelathini na mmoja, majira ya joto yanaisha, na kompyuta ilikuwa na chaji iliyobaki kidogo. Fidelis akaifunga ili isimalizike bure, akaanza kukunja mashati yake. Nilitoka uani nikiwa nimenuna. Mama alikuwa ameketi mbele ya mafiga matatu, na pembeni yake kulikuwa na mafungu ya mpunga wa kijani aliyoyakata jana yake. Chungu kilikuwa kimeshapata moto. Harufu ile ikanipiga usoni.

"Mama, mbona umekata haujaiva? Si ungesubiri upate mwingi?"

"Wewe umeshiba?" Alikuwa akigeuza punje kwa mwiko, bila kuniangalia.

"Hapana."

"Basi. Huu ndio wa kutufikisha. Uliobaki utaiva na utatukuta tupo." Akanipa mchi. "Na kuukata huu mapema kumenipunguzia kazi. Ukiiva wote siku moja, nani ataukata? Deo? Twanga, acha kushangaa."

Nikatwanga. Nilitwanga mara tatu au nne, mchi ukabaki hewani. Nikauweka chini taratibu, kwa adabu kabisa, nikakimbilia ndani. Nyuma yangu nilimsikia mama akipaza sauti, "Skola! Hicho kinu kitajitwanga chenyewe?"

Kwenye mchezo ule, chini kabisa ya dirisha la shamba, kulikuwa na kitufe kidogo chenye picha ya mundu. Nilikuwa nimekiona tangu siku ya kwanza, na Fidelis alishanieleza kwamba kinaamuru watu wavune wakati huo huo, shamba liwe limeiva au la. Sikuwahi kukigusa. Nani mwenye akili anavuna shamba lililofika nusu? Sasa nikafungua kompyuta, nikachagua shamba la kwanza, lililokuwa limeiva nusu na ushei, nikabonyeza mundu.

"Unafanya nini?" Fidelis aliruka na shati mkononi. "Unavuna majani! Umepoteza nusu ya mavuno!"

"Natengeneza pepeta," nikamjibu.

Akanitazama kama mtu aliyetukanwa kwa lugha asiyoijua. Lakini wavunaji walishaingia shambani, wote kwenye shamba moja, na walilimaliza upesi. Namba ya chakula ikapanda, si sana, ila ilipanda mapema kuliko mwaka wowote uliotangulia. Watu wale wale wakahamia shamba la pili, ambalo wakati huo lilikuwa limezidi kuiva, nikabonyeza tena. Shamba la tatu nililiacha likomae kabisa, na walipolifikia walikuwa huru wote, hakuna kazi nyingine inayowavuta. Hili nataka msomaji alione vizuri, kwa maana ndilo lililoniokoa: mashamba yalikuwa yaleyale, watu walewale, na nililipoteza kweli fungu la ngano kwa kuvuna mapema. Lakini kabla ya hapo nilikuwa nikipoteza mashamba mawili mazima kwa kusubiri ukamilifu. Mzigo wa mwisho uliingia ghalani vitone vyeupe vikiwa vimeanza kudondoka.

Fidelis aliliacha begi. Akaketi sakafuni kando yangu, na Deo akaja akatulalia magotini. Majira ya baridi ya mchezo ule yalikuwa marefu kuliko ibada. Namba ilishuka, mia nne, mia tatu, mia mbili. Alama ya betri nayo ilishuka, mpaka ikawa nyekundu. "Itazimika," Fidelis alinong'ona. "Mwenyekiti, itazimika kabla." Mama aliingia na ungo wenye pepeta ya moto, akasimama nyuma yetu, akatuachia tuchote bila kuondoa macho kwenye kioo. Mwanamke wa kitambaa chekundu alikuwa akitoka nyumbani kwake kwenda ghalani, akirudi na kapu. Namba ilifika sabini. Ilifika arobaini na tatu. Halafu weupe ukaanza kupasuka, kijani kikachungulia kando ya mto, na wavuvi wawili wakatoka na nyavu zao.

"Wahesabu," Fidelis alisema.

Nikawahesabu kwa kidole. Thelathini na mmoja. Nikarudia, Deo akihesabu nami kwa sauti, mdomo umejaa pepeta. Thelathini na mmoja, na hakuna kaburi hata moja. Fidelis akahifadhi kijiji, akakiandika jina Pepeta, na sijui kama ilipita hata dakika moja kabla kioo hakijawa cheusi. Tulipiga kelele mpaka jirani akaja kuuliza kuna msiba au harusi. "Harusi, mama!" Fidelis alimjibu. "Mwenyekiti amevusha kijiji!" Mama hakupiga kelele. Alicheka kimya kimya mabega yakitikisika, kisha akaninyooshea mchi, kwa kuwa kinu hakikuwa kimejitwanga.

Siku hizi ninafundisha hisabati shule ya sekondari upande wa Chita. Wanafunzi wangu wanacheza michezo kwenye simu zenye nguvu kuliko kompyuta ile, na kuna siku wananieleza mimi jinsi ya kucheza. Mama bado analima, lakini sasa anapanda mbegu ya muda mfupi kwenye sehemu moja ya shamba, na wiki za gunia kulegea hazipo tena nyumbani kwetu. Pepeta nimeiona stendi ya Ifakara ikiuzwa kwenye vifuko vya nailoni, watu wakiinunua kama bisi. Huwa nainunua, naila ndani ya basi, na ninatabasamu peke yangu. Ni furaha kwamba chakula cha shida kimekuwa cha kustarehe. Mimi ni miongoni mwa waliopita kote kuwili.

Mwaka jana Fidelis alikuja na zawadi ya kidude cha kuhifadhia kazi za kompyuta, kidogo kama ukucha. Alikuwa amebadilisha kompyuta tatu tangu wakati ule, na katika kila moja alikuwa amekihamisha kijiji changu. Tulikifungua sebuleni kwa mama, umeme ukiwepo. Walikuwa palepale, kando ya mto, kwenye ile asubuhi ya kijani, wote thelathini na mmoja, wakisubiri. Nikabonyeza waendelee. Mwanamke wa kitambaa chekundu akachukua jembe akashika njia ya shambani.

Mama alivaa miwani yake, akainama.

"Bado mimi mnene," akasema. Kisha akauliza, "Wamekula?"

Nikatazama namba kwenye kona. Wavuvi walikuwa wameshaleta mzigo wa kwanza.

"Wamekula, mama. Na kimebaki."