Beki wa Daraja la Tatu

Thoya Mung'aro alirudi Mombasa mwaka 1997 na begi moja tu, na swali la kwanza aliloulizwa na dada yake Dama pale uwanja wa ndege ni kama mizigo mingine inakuja na meli. Dama hakuwa na ubaya. Mtu aliyekaa Ulaya miaka kumi, tena akilipwa kucheza mpira, atakosaje mizigo? Thoya alitabasamu, akalitia begi garini. Dama alingoja mwezi, akangoja na wa pili, kisha akaacha kuuliza, na huko kuacha kuuliza ndiko kulikomchoma kaka yake.

Tatizo letu sisi wapenda mpira ni kwamba tukishajua timu mbili tatu za nchi ya watu, basi, tunadhani nchi imekwisha. Urusi ni pana ajabu. Utapanda treni, utalala, utaamka, utalala tena, na bado ni Urusi. Kote huko kuna viwanja, na kwenye kila kiwanja kuna watu kumi na moja wasiojulikana na yeyote nje ya mji wao. Mmoja wao alikuwa Thoya, kijana wa Kigiriama, beki wa kulia.

Alikwenda huko kusoma, si kucheza. Alipopata nafasi ya masomo ya mitambo ya meli, mama yake Nyevu alichinja mbuzi na kualika mtaa mzima. Kabla hajamaliza, nchi iliyomwita ikavunjika vipande, na posho ya wanafunzi ikawa hainunui hata mkate. Waafrika wenzake wakatawanyika, huyu Ujerumani, yule nyumbani. Thoya alikuwa akichezea timu ya chuo. Kocha wa timu ya kiwanda kimoja cha tairi akamwambia, njoo kwetu, utapata kitanda na chakula. Akaenda. Hivyo ndivyo alivyokuwa mchezaji wa kulipwa, kwa kitanda na chakula.

Kiwanda kilipofungwa, timu nayo ikafa. Akahamia mji wa machimbo ya makaa ya mawe, ambako msimu mmoja mishahara ilitolewa kwa masufuria, maana mfadhili wa timu ndicho alichokuwa nacho. Fikiria beki wa kulia amesimama stesheni ya treni na masufuria yake mikononi, theluji inamwangukia kichwani, anawabembeleza abiria wanunue, kwa Kirusi chake cha chuoni. Kisha akaenda mji mwingine, na mwingine baada ya huo. Mara daraja la pili, mara la tatu tena. Vilikuwako viwanja ambako watazamaji walimtolea sauti za nyani kila alipogusa mpira, na vilikuwako vingine ambako hapakuwa na mtazamaji wa kutoa sauti yoyote. Mwenyewe hakujua lipi lilimtesa zaidi.

Siku mbaya ilikuwa Jumapili. Wenzake walikwenda kwa mama zao na wake zao, yeye akabaki bwenini na mabomba ya maji ya moto yakigongagonga ukutani. Alikuwa akijisemesha Kigiriama kwa sauti, asije akakisahau. Habari ya kufariki mama yake ilimfikia matanga yameshaanuliwa zamani. Jumamosi iliyofuata alicheza kama kawaida, na hakumwambia mtu. Angemwambia nani? Ingembidi kwanza aeleze Nyevu alikuwa nani.

Goti lilipogoma kabisa, akarudi.

Alipata kazi kwenye stoo ya spea za magari huko Ganjoni, na chumba cha juu katika nyumba ya Mzee Twahir, Mji wa Kale. Mzee Twahir alikuwa karani wa forodha aliyestaafu, mwenye kanzu safi, mdomo mwepesi na moyo mwema. Kila alasiri, wakishatoka msikitini, yeye na wenzake walikaa barazani nje ya nyumba wakinywa kahawa chungu na halua, wakiichambua dunia nzima mpaka magharibi. Sasa, barazani hapakaliwi hivi hivi. Lazima mtu akulete, na anayekuleta lazima aseme wewe ni nani. Mzee Twahir ndiye aliyemleta Thoya, na kwa furaha ya kuwa na mpangaji wa namna ile, akapitiliza.

"Huyu mwamuona, amecheza mpira Urusi," aliwaambia. "Si mchezo! Ile timu kubwa ya Moscow, ile yenyewe!"

Thoya alifungua mdomo, akaufunga. Utamsahihishaje mtu wa mvi mbele ya rika lake, kwenye baraza yake mwenyewe, nawe ndio kwanza umeshika kikombe chake cha kahawa? Huo si uungwana, na Thoya alilelewa vizuri. Alijiambia atamweleza kesho, wakiwa wawili, pale ngazini. Lakini kesho yake asubuhi mzee alishamsimulia fundi cherehani, muuza samaki na imamu. Kesho kutwa ilikuwa imechelewa zaidi, na mwezi ulipokwisha jambo lile likawa kama limeandikwa kwenye jiwe.

Halafu, tuseme kweli, kulikuwa na lile la pili. Walimpa mahali. Kati ya Mzee Twahir na ukuta palikuwa pake, na akichelewa kazini wanauliza, "Thoya yuwapi leo?" Hakuna aliyeuliza yuko wapi kwa miaka kumi. Mahali pale pakawa ndio kitu pekee alichonacho Mombasa, ukiacha goti bovu na dada anayemsikitikia, na aliogopa kupapoteza kuliko alivyowahi kuogopa winga yeyote.

Ila hakupafaidi. Wao waliuliza taa za uwanja wa Moscow zilivyo, na umati unavyovuma, naye akajibu yale aliyoyaona kwenye televisheni ya bwenini. Kila walivyozidi kumpenda ndivyo alivyozidi kuona kwamba anayependwa ni mtu mwingine, na yeye amekalia tu nafasi yake. Yale masufuria, ile theluji, zile Jumapili, hakuwa na wa kumwambia hapa kama vile hakuwa na wa kumwambia kule. Alikuwa anakaa katikati ya watu wanaocheka, na amejaa upweke mpaka shingoni.

Mwaka uliofuata ikatia nanga Kilindini meli ya ngano yenye mabaharia Warusi. Kwenye baraza ile alikuwako Nicanor, karani wa kampuni moja ya kutoa mizigo bandarini, mtu wa bara, mpenda mpira kupindukia. Nicanor akamwona fundi wa mitambo wa meli ile anazubaa getini akitafuta njia ya Ngome ya Yesu. Akamchukua, akamzungusha ngomeni, kisha akaona amfanyie Thoya hisani. Akaja naye moja kwa moja barazani.

"Masalkheri, wazee," Nicanor alisema. "Leo nimemletea Thoya mgeni wa kwao wa pili."

Mrusi yule aliitwa Gennadi, kijana mwenye pua iliyobabuka kwa jua. Thoya aliposimama kumpa mkono moyo ulimwenda mbio, nusu kwa hofu, nusu kwa njaa ya lugha. Kirusi kilimtoka kwa shida mwanzoni, kisha kikafunguka. Wazee wakatazamana kwa fahari, kama waliomfundisha wao.

Gennadi alikuwa akijibu huku amemkazia macho. Ghafla akautaja mji, ule wa makaa ya mawe. Akauliza, taratibu, kama aogopaye kuchekwa:

"Wewe si Tolya?"

Hivyo ndivyo walivyomwita kule, kwa kuwa jina lake hawakuliweza. Thoya aliitikia kwa kichwa. Gennadi akaruka akamkumbatia, kikombe kikapinduka, kahawa ikamwagikia kanzu ya watu na suruali yake mwenyewe. Alizaliwa mji ule, alisema, na baba yake alichimba makaa. Kila Jumamosi walikaa wawili kwenye mabenchi ya chuma. Aliikumbuka ile mechi ya tope waliyofungwa sita. Alikumbuka golikipa alivyovunjika mguu na machela haikuwapo, na Tolya akambeba mgongoni mpaka nje ya uwanja. Thoya alikuwa analia na wala hakujificha. Kumbe kweli aliishi kule. Kumbe lilikuwako jicho lililomwona.

"Wamjua! Haki ya Mungu wamjua!" Mzee Twahir alipiga makofi. "Asemaje? Tafsiri, mwanangu, nasi tusikie!"

Na hapo ndipo penyewe. Barazani pale hakuna mwingine aliyejua Kirusi. Thoya angesema lolote na lingepita. Sentensi moja tu, kwamba alimwona Moscow, na mzee angeondoka na furaha yake, na mahali kati yake na ukuta pangebaki pale pale. Aliutazama uso wa Mzee Twahir, uso wa baba ambaye mwanawe ameitwa mbele kupewa zawadi shuleni. Kisha akamtazama Gennadi. Zile Jumamosi zilikuwa na shahidi mmoja tu upande huu wa dunia, naye amekaa hapa, kahawa imemlowesha suruali. Akimgeuza maneno, atakuwa amezifuta kwa mdomo wake mwenyewe.

"Asema alinitazama nikicheza mjini kwao, mzee," Thoya alisema. "Mji mdogo, wa makaa. Daraja la tatu. Asema tulifungwa sita."

Muuza kahawa alisimama na dele lake mkononi, hajui amimine au asimimine.

"Na ile timu ya Moscow?" aliuliza Nicanor.

"Sijawahi kuichezea. Hata uwanja wao sijaukanyaga."

Mzee Twahir aligeuka pole pole. "Mbona hukunambia, Thoya?" Hakusema mwanangu.

"Ulikuwa ushasema, mzee. Niliona haya kukurekebisha mbele ya wenzio. Nisamehe."

"Miezi yote hii, nami nasema. Nimesema mpaka harusini kwa watu." Alikiweka kikombe chini, kahawa ingali nusu. Hakufoka, na heri angefoka. Alimwinamia mgeni kwa adabu zote, mkono kifuani, akasema ana shughuli ndani, akaingia. Wenzake nao wakakumbuka shughuli zao, mmoja baada ya mwingine, kila mmoja akimpa Thoya mkono wa kwaheri kama anavyopewa mtu wa kupita. Nicanor ndiye aliyebaki nyuma kidogo. "Sikukusudia hivi, ndugu yangu," alinong'ona, kisha akasema atamngoja mgeni pale ngomeni, naye akaenda.

Baraza ikabaki ya watu wawili. Gennadi alitazama kule walikopotelea wazee, haelewi.

"Wamekwenda wapi? Wamesemaje?"

"Wamesema," Thoya alijibu kwa Kirusi, "kumbe nilikuwa mchezaji mzuri."

Gennadi aliangua kicheko. Alicheka mpaka akajipangusa macho, akampiga Thoya bega.

"Hapana, Tolya, mzuri hukuwa. Kusema kweli ulikuwa mzito, na krosi zako zilikuwa zikienda barabarani. Baba alikutukana kila Jumamosi, dakika zote tisini, matusi ambayo mama hakuruhusu nyumbani." Alikizungusha kikombe kitupu mkononi. "Ulipoondoka, Jumamosi ya kwanza, wachezaji wakaingia uwanjani, na upande wa kulia kuna kijana mwingine. Baba hakutukana. Akakaa kimya mpaka mapumziko. Halafu akanigeukia, akaniuliza, Tolya wetu yuko wapi?"

Adhana ya magharibi ilikuwa imeanza, na muuza kahawa alikuwa akikusanya vikombe vya watu walioondoka.

"Aliulizaje?" Thoya alisema. "Hebu sema tena, vile vile alivyosema."

Gennadi akasema tena.