Kamera haikuona chumvi ya kisima chetu, mpaka nilipopika chai

Wakuu, hamjambo. Mlionizidi umri shikamooni, na wajukuu zangu marahaba. Ninayoyaleta hapa nimeyaona kwa macho yangu, sikusimuliwa.

Tulikuwa wanne uani kwangu, Sabaki. Mimi mwenyewe. Kadzo, wifi yangu, dadake marehemu mume wangu Karisa. Sidi, mjukuu wa dada yangu Nyevu, huyu ndiye mtengenezaji wa filamu. Na Mutua mpiga kamera, mtu wa Machakos, walisoma pamoja na Sidi.

Sidi alikuwa na jambo moja. Bahari imepanda, mto umepungua, visima vyetu vimeingia chumvi. Kaunti walikuwa wanataka kukaa waamue bomba la maji lipite vijiji gani, na chetu hakikuwemo. Alitaka wakubwa hao waone wenyewe kwa filamu.

Sasa wakuu, mgeni akija kwetu tunafanyaje? Tulifagia uwanja, nikanunua maji matamu ya mkokoteni, nikapika chai ya maziwa. Mutua akanywa vikombe viwili, akasema maji ya huku yanashinda ya kwao.

Wakaenda kupiga picha kisima. Maji safi, yanametameta.

Sidi akazitazama zile picha, akaketi juu ya ndoo, akalalamika. Chumvi haionekani kwa kamera. Atakayeona atasema hawa wana kisima kizuri, wanalilia nini?

Halafu akaniuliza ile chai ilikuwa ya maji gani. Nikamwambia. Akashika kichwa, akacheka. Akaniomba nipike nyingine, ya maji ya kisima, kamera ikiwa inatazama.

Nikakataa. Tangu niolewe nyumba hii mgeni hajapewa kitu kibaya, leo nianze mbele ya watu wa kaunti?

Kadzo akaniangalia.

"Wifi, hiyo chumvi umeitia wewe?"

Nikainuka, nikateka maji.

Jamani! Yalipochemka nikamimina maziwa, yakakatika papo hapo, mabonge yakaelea. Sidi akamvuta Mutua shati asogee karibu. Chumvi ikaonekana.

Mutua akapewa kikombe chake, akameza kwa adabu.

"Mama, hii ni supu. Imebaki nyama tu."

Kadzo alicheka mpaka leso ikamdondoka.

Basi hapo nikafunguka. Nikawatembeza kisima hadi kisima, nikitaja aliyekichimba na nani alizaliwa mwaka kilipoharibika. Cha Karisa, cha Mwalimu Charo, cha Dama mfinyanzi, cha Kazungu na nduguye Katana. Mutua akasema betri inakwisha, mimi bado sijafika hata kwa kina Jumwa.

Filamu ikaonyeshwa ukumbini Malindi, nasi tukiwa tumekaa nyuma. Maziwa yalipokatika, bibi mmoja wa kaunti aliweka chupa yake ya maji mezani. Hakuigusa tena.

Kijiji chetu kiliandikwa kwenye orodha ya bomba siku ile ile. Juma lililopita wachimba mtaro wa bomba walifika mlangoni kwa Kadzo! Wakuu, mimi silali kwa furaha.

Nilichojifunza ni kwamba kamera si mgeni wa kusitiriwa mambo. Tukiificha shida yetu kwa heshima, nani ataiamini?

Mlio na visima vilivyogeuka, Sabaki, Matsangoni, popote, semeni hapa chini. Sidi anasema filamu bado anaiongeza. Na kama kuna kisima nimekiruka, au nimempa mtu kisima cha mwenziwe, nisahihisheni, tena kwa jina.